Shangazi wa Kuazima

Ukuta niliuosha mimi. Naanza na hilo kwa sababu kila nikianza na jambo lingine huwa nalizunguka hili mpaka anayenisikiliza anachoka, na mimi mwenyewe nachoka.

Ilikuwa Jumamosi asubuhi, Hyattsville, Marekani, kwenye nyumba ya kupanga yenye ngazi za mbao zinazoshuka mpaka chumba cha kufulia. Binti alikuwa amekufa Ijumaa jioni. Mume wake alisema aliteleza akiwa amebeba kapu la nguo. Gari la wagonjwa lilikuja, askari wakaja, wakamhoji mume, wakaandika, wakaondoka, na hakuna aliyesema mtu asiingie. Kufikia saa nne asubuhi wanawake tulikuwa kumi na mmoja mle ndani, kila mmoja na sufuria yake, tukifanya kile ambacho mwanamke wa kwetu hufanya akisikia msiba, bila kusubiri kuambiwa. Tulisogeza makochi, tukatoa meza nje, tukatandika mashuka sebuleni ili watu wapate pa kukaa, tukafagia, tukapiga deki. Wawili walikuwa wanagombana kuhusu chumvi ya maharage. Mimi nilishuka ngazi na ndoo.

Ukutani, upande wa kulia, palikuwa na alama. Ilikuwa ya kahawia, ndogo, kama kiganja cha mtoto, na nywele mbili tatu zimegandia pale. Nilijua ni nini. Sitaki kujifanya sikujua. Nilichofikiri ni kwamba wageni watashuka kutafuta choo, wataona, watasema, na siku moja mama yake ataambiwa. Marehemu husitiriwa, ndivyo nilivyolelewa. Nikachukua dawa ya madoa, nikasugua mpaka rangi ya ukuta ikaanza kutoka. Kisha nikaimwaga ile ndoo, nikanawa mikono, nikapanda juu kukata vitunguu.

Kwa damu sikuwa shangazi yake. Nilikuwa mtunza wazee, mwaka wa tisa Marekani, mwanamke asiye na mume wala mtoto, mwenye gari bovu na maneno mengi. Yeye alikuwa binti wa mkoa wetu aliyekuja kusoma, akaishia kufanya kazi kwenye nyumba ileile ya wazee niliyokuwamo mimi. Alipopata mchumba, Mtanzania mwenzetu, mahari ilipelekwa nyumbani, kwa baba yake, ng'ombe wakahesabiwa kule. Lakini bwana harusi na bibi harusi wote walikuwa huku. Upande wa binti ulihitaji mtu wa kukaa kwenye kochi siku ya kupokea barua ya posa, na zaidi ya hapo, mtu wa kukimbiliwa mambo yakiharibika. Mama yake akanipigia simu. Sikuwa nimewahi kumwona.

“Wewe ndiye shangazi yake huko,” aliniambia. “Tumekuazima kwa baba yako. Tukimaliza tutakurudisha.”

Tulicheka sana. Kuanzia siku ile akawa ananiita wifi, na mimi namwita wifi. Nilishona kitenge kipya. Siku ya barua nilikaa katikati ya kochi langu mwenyewe nimevimba kichwa, nikawasumbua wale wanaume kwa maswali kama shangazi wa kweli, nikawauliza kama wamepotea njia, kama wanadhani hapa kuna binti wa kuokota. Niseme ukweli, nilijisikia mtu. Miaka tisa nilikuwa nageuza wazee wa watu vitandani, na hakuna aliyewahi kunihitaji kwa heshima ya namna ile.

Kazi ya shangazi haiishi siku ya harusi. Mke akigombana na mumewe anakimbilia kwa shangazi. Shangazi anasikiliza, anaita kikao, watu wanasemana, kisha mke anarudi kwake. Hapo pa mwisho ndipo penye kazi yenyewe. Upande uliopokea mahari hauwezi kumkalisha mke wa mtu. Ukimkalisha, umesema uko tayari kurudisha, na hawa hawakuwa na cha kurudisha. Wale ng'ombe walikuwa wameshapelekwa kumwolea kaka yake mke.

Alikuja kwangu mara tatu katika mwaka mmoja. Mara ya kwanza alikuja na begi. Mara ya pili na mkoba tu. Mara ya tatu alikuja na funguo mkononi, bila koti, na ilikuwa Januari. Aliyoniambia sikuruhusiwa kuyasema mahakamani, kwa sababu huku maneno ya marehemu yakisemwa na mtu mwingine hayahesabiki ila kwa nadra. Nimezoea kutoyasema, hata hapa yanatoka kwa shida. Mume alikuwa anasema ametozwa mahari kupita kiasi. Alimtaka apige simu nyumbani awaombe wazazi warudishe nusu. Alikuwa ameficha pasipoti ya binti. Chai ikipoa anauliza mbele ya wageni, “Hii chai ni ya ng'ombe wangapi?” na wageni wanacheka. Nami niliwahi kuwa mgeni mmojawapo, na nilicheka.

Kikao cha tatu kilifanyika kwangu, Jumatano. Tulikuwa watano: mimi, binti, mume wake, mshenga aliyemsemea siku ya barua, na mzee mmoja wa kanisa, Mkenya, mtu mpole ambaye sote tulimwita Mzee. Nilipika chai ya maziwa na maandazi, maana kikao bila chai ni ugomvi. Nikamwambia mume aeleze anachotaka.

Hakupandisha sauti, na hilo nililisema mahakamani pia. Aliweka kikombe chini, akasema, “Mimi sikuokota mke. Nilitoa ng'ombe, baba yake akapokea. Akitaka kuondoka, ng'ombe wangu warudi wote. Wasiporudi, ataondoka nyumbani kwangu ndani ya jeneza.”

Mshenga aliangalia saa. Mzee akakohoa, akasema, “Sasa hiyo ni hasira tu, bwana. Vikombe vikikaa pamoja havikosi kugongana. Shangazi, wewe ndiyo mama hapa, maliza hii maneno.”

Wote wakanigeukia. Binti naye akanigeukia. Nikamwambia apige magoti amwombe mumewe msamaha kwa kuondoka bila ruhusa. Akapiga magoti pale kwenye zulia langu, akaomba. Mume akasema amesamehe. Tukasali. Nikaenda kabatini, nikatoa koti langu jeusi, nikamvisha. Nikawafungulia mlango.

Siku kumi baadaye nilikuwa kwenye ngazi na ndoo.

Daktari wa maiti ndiye aliyesema si kuteleza. Alikuta alama za vidole kwenye mikono yote miwili, juu ya viwiko, na kisogoni jeraha ambalo kingo za ngazi haziwezi kulifanya. Jumatano iliyofuata askari mpelelezi alikuja na kibali cha kuikagua ile nyumba, akakuta imeng'aa. Maiti ilikuwa bado kwa daktari, sisi tulikuwa bado tunapika. Akauliza nani kaosha. Wanawake kumi walinitazama, nami nikasema ni mimi. Aliniuliza ile alama ilikuwa juu kiasi gani. Nikashuka naye, nikaweka mkono ukutani, karibu na usawa wa kichwa changu. Nikaushusha kidogo. Nikaupandisha tena. Kadiri nilivyofikiri ndivyo nilivyozidi kutokuwa na hakika.

“Kwa nini uliosha?” aliuliza.

“Kwa ajili ya wageni.”

Aliandika hilo. Alikuwa mtu mzima mwenye adabu na hakunifokea, ila kalamu yake ilikaa muda mrefu kwenye lile neno wageni.

Mume alikamatwa. Kesi ikachukua mwaka na zaidi. Mwendesha mashtaka alikuwa dada mdogo kwangu kwa miaka kumi na mitano hivi, mwenye viatu vya raba chini ya suti. Siku ya kwanza aliniambia amesoma kuhusu mahari. Alisema India kuna sheria yenye jina kabisa la kifo cha namna hii, na kwamba kule, mke akifa mapema ndani ya ndoa na ikaonekana alisumbuliwa kwa ajili ya mahari, ni mume anayetakiwa kujieleza. Nikamwambia kule ni upande wa mke unaotoa, kwetu ni upande wa mume. Akafikiri.

“Kwa hiyo alimnunua?”

Nilikasirika. Nilimwambia hakuna anayemnunua mtu, ile ni shukrani kwa wazazi, ni heshima, ni koo mbili kufungana. Nilisema kwa Kiingereza changu chote. Alinisikiliza mpaka mwisho, halafu akauliza kwa upole, kama ni shukrani, ilikuwaje akawa anaidai? 

Akanieleza jinsi mambo yalivyokaa. Hapa hakuna sheria ya jina hilo. Kuna mauaji tu, na lazima sisi tuthibitishe, mshtakiwa hatakiwi kusema neno. Jopo la raia kumi na wawili, watu wasiojua ng'ombe ila wa maziwa ya dukani, waamini bila shaka kwamba hakuteleza. Ukuta ulikuwa umeoshwa. Daktari atasema lake, na wakili wa mume ataleta daktari wake aseme kinyume. Kilichobaki ni ile sentensi ya Jumatano. Maneno ya marehemu hayaruhusiwi, lakini maneno ya mshtakiwa mwenyewe, yakisemwa na aliyeyasikia kwa masikio yake, yanaruhusiwa.

“Mlikuwa watano,” alisema. “Mmoja amekufa, mmoja ndiye mshtakiwa. Niletee hao wengine.”

Mshenga alikuwa amehamia jimbo lingine na simu yake ilikuwa haipokelewi. Nilimfuata Mzee nyumbani kwake.

“Shangazi, hiyo maneno tuliimaliza na tukaomba,” aliniambia mlangoni, hajanikaribisha ndani. “Ya kikao yanabaki kwa kikao. Kesho nani ata-trust wazee tena, kama kila kitu inaenda korti?”

“Mzee, mtoto amekufa.”

“Najua. Nimeomba sana.” Aliniambia pia makaratasi yake ya uhamiaji bado hayajakaa sawa. Nadhani hiyo ndiyo iliyokuwa sababu ya kweli, na simlaumu kwa hiyo. Namlaumu kwa vikombe.

Basi nikabaki mimi. Mwendesha mashtaka aliniuliza kikao kiliishaje. Nikamwambia waliondoka pamoja. Ilikuwa kweli. Hakuuliza zaidi, na mimi sikuongeza.

Mama yake alikuja wiki moja kabla ya kesi, baada ya barua nyingi na kunyimwa viza mara moja. Nilimpokea uwanja wa ndege na blanketi. Alikuwa mfupi kuliko nilivyomfikiria kwa sauti ya simu, mwenye mikono mikubwa ya mtu wa shamba. Nilimpa kitanda changu, mimi nikalala kwenye kochi. Kila asubuhi nilimkuta ameshaosha vyombo vyangu vyote, hata visafi. Siku ya pili alinishika mkono.

“Wifi, walinisimulia ulivyomsafishia mwanangu nyumba ili watu wasimwone vibaya. Mungu akulipe.”

Sikusikia chochote ndani yangu. Watu huniuliza kama niliumia, na ukweli ni kwamba sikuumia. Nilikuwa kama mkono uliolaliwa, unauona ni wako lakini huusikii. Nilikwenda kazini, nikageuza wazee, nikarudi, nikapika, tukala. Jambo moja tu lilikuwa linanizunguka: mwanamke huyu alijua kwamba kikao kilikuwepo. Hakujua nani alimrudisha mtoto wake.

Siku ya ushahidi nilivaa kile kitenge cha siku ya barua kwa sababu ndicho pekee kilichopigwa pasi. Nilitoa ushahidi kwa Kiswahili. Kiingereza changu kingetosha, lakini mwendesha mashtaka alitaka yale maneno yasikike kwanza kwa lugha yaliyosemewa. Mahakama ilileta mkalimani, mzee wa Pwani mwenye Kiswahili kilichonyooka. Mama alikaa mstari wa tatu. Mimi ninasema, mkalimani anasikiliza, ndipo jopo linapata. Kati ya kusema kwangu na kusikia kwao kulikuwa na nafasi, na katika nafasi hiyo mama alikuwa ameshasikia kabla yao.

Sehemu ya kwanza ilipita vizuri. Nilisema sentensi ya jeneza kama ilivyokuwa, bila kupandisha sauti, kama mume alivyoisema. Mume alikuwa anaandika kitu kwenye karatasi. Alikuwa amenenepa.

Kisha wakili wake akasimama. Alianza na ukuta, akaumaliza haraka: niliosha mimi, sikumwita askari, urefu sina hakika nao. Ndiyo, ndiyo, ndiyo. Halafu akauliza kuhusu Jumatano. Nilielewa mara moja kwamba mume amemweleza kila kitu. Alikuwepo, kwa nini asimweleze?

“Baada ya maneno hayo, uliita polisi?”

“Hapana.”

“Ulimwambia alale kwako?”

“Hapana.”

“Nani aliamua arudi kwa mumewe?”

Wakili alikuwa anatabasamu kidogo. Nilijua anakotaka kunipeleka. Alitaka niseme lilikuwa jambo la hasira, kwamba sote tulijua ni maneno tu, kwamba ndiyo maana shangazi mwenye akili timamu alimrudisha binti bila wasiwasi. Ningeweza kumpa hilo. Ningeweza pia kusema sikumbuki, au kwamba binti alitaka mwenyewe kurudi. Mama angeenda nyumbani bado ana wifi, na mume angeenda nyumbani pia.

“Mimi,” nilisema. “Nilimwambia apige magoti aombe msamaha. Akapiga. Nikamvisha koti, nikawafungulia mlango.”

Sikuangalia mstari wa tatu. Mkalimani alikuwa bado anatafsiri neno magoti wakati niliposikia kiti kikikwaruza sakafu kule nyuma.

“Kwa hiyo hukuyachukulia maneno yale kuwa tishio,” wakili alisema. Hata halikuwa swali.

“Niliyaamini.”

Jaji akanitazama. Mkalimani alilisema lile neno moja kwa Kiingereza, likasikika dogo sana.

“Uliamini atamuua, na ulimrudisha?”

“Niliamini anaweza. Nilimrudisha kwa sababu mahari ilikuwa imeliwa na haikuwepo ya kurudisha, na kwa sababu nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha shangazi na watu wananitazama. Niliogopa aibu kuliko nilivyomwogopa yeye.”

Wakili alikaa chini. Mwendesha mashtaka hakuwa na swali la nyongeza. Nilishuka, nikapita katikati ya viti, na mama alikuwa ameinamia mikono yake.

Jopo lilikaa siku mbili. Kwa siku hizo mbili hakunisemesha. Si kwamba alinuna. Alikula nilichopika, aliosha vyombo, alisema asante kwa mkate. Hakuniita wifi. Siku ya tatu tukaitwa. Walimtia hatiani, si kwa shtaka la kwanza, la mauaji ya kupangwa, kwa la pili, la mauaji bila kupanga. Mwendesha mashtaka alinikumbatia, akaniambia ni lile neno niliyaamini lililofanya kazi, kwamba mmoja wa jopo alimwambia hivyo koridoni. Nikasema sawa. Niliomba ruhusa nikachukue gari kabla mita ya maegesho haijaisha.

Jioni ile tulikaa jikoni. Nilikuwa nimepika ndizi, hakuna aliyegusa. Akaanza kusema huku anaangalia sahani.

“Alinipigia simu Jumanne ile, kabla ya kikao. Alilia. Akasema, mama, nirudi nyumbani? Nikamwambia, nenda kwa shangazi yako. Atakachosema yeye ndicho tulichosema sisi.”

Akapangusa ukingo wa sahani kwa kidole.

“Alipopiga magoti, alilia?”

“Hapana.”

“Hakuwa mtu wa kulia mbele za watu.” Akaisogeza sahani. “Hilo koti. Ulimfunga vifungo?”

Ilibidi nifikiri. Halafu nikaona vidole vyangu mwenyewe, vikianza chini na kupanda, kimoja kimoja, mpaka kile cha shingoni, na yeye amenyanyua kidevu kunipa nafasi, kama mtoto anayevishwa kwenda shule.

“Nilimfunga,” nikasema. “Vyote.”

“Asante, wifi,” akasema. Akainuka, akachukua sahani zetu mbili zenye chakula, akafungulia maji.